Majina Mgongoni mwa Ganesha

Mungu anayeondoa vizuizi alikwama mlangoni mwa nyumba yake mwenyewe, na mtaa mzima ukaja kutazama.

Waliomleta ni wapagazi, na nyapara wao ni yule ambaye watu humwita Winchi kwa ajili ya mabega yake. Walimteremsha, jiwe zima, kutoka kwenye lori jua likiwa bado changa, wakamviringisha juu ya magogo hadi kwenye kizingiti cha hekalu jipya, na hapo mambo yakagoma. Wakimwingiza uso mbele, magoti yanagonga fremu huku na huku. Wakimgeuza ubavu, magoti yanapita lakini tumbo linakataa. Na halikatai kwa mengi. Ni unene wa vidole viwili tu.

"Mzee," Winchi alimwambia Fundi, aliyeichonga sanamu, huku akijifuta jasho kwa kiwiko, "huyu bwana amekula nini?"

"Kila kitu," akajibu dada yake Fundi, ambaye mtaa mzima humwita Shangazi, wakubwa kwa wadogo. "Ndiyo maana anaitwa Lambodara, Mwenye Tumbo Kubwa. Wewe ulitaka awe na tumbo kama lako, limeshikana na uti wa mgongo?"

Watu wakaangua kicheko. Fundi hakucheka. Alikuwa anatazama kivuli cha ukuta kikizidi kujikunja.

Tangu ujana wake Fundi alikuwa mchonga mawe: mawe ya kusagia, ngazi, mawe ya makaburini. Ganesha huyu, mungu wa Kihindu mwenye kichwa cha tembo, ndiye sanamu yake ya kwanza ya mungu, na alipewa kazi hiyo uzeeni. Sasa kwao sanamu huchongwa yote isipokuwa macho. Mpaka ifike mahali pake ni jiwe tu. Ukichoka waweza kuikalia. Ikishakaa, mchongaji huyafungua macho kwa patasi ndogo, katika saa njema aliyoichagua kuhani, na tangu hapo haiwi jiwe tena, wala chuma hakiigusi. Saa njema ilikuwa leo, kabla ya adhuhuri. Nyingine ingekuja msimu mzima ukishapita, na daktari alishamwambia Fundi asitegemee macho yake mpaka huko. La kushoto lilikuwa ukungu mtupu. Leo ikipita, ataitwa mchongaji mwingine mwenye macho mazima aje amalizie. Chelewa chelewa, utamkuta mwana si wako.

Na kosa ni lake, alijua. Mlango aliupima mwenyewe. Lakini jiwe haliongezwi, hupunguzwa tu, na kila patasi ilipofika tumboni alikumbuka lile jina, mkono ukagoma kupunguza.

"Tuvunje fremu," mtu mmoja akapendekeza.

"Fremu imebeba paa," akasema kuhani, mtu mpole mwenye miwani. "Ukiivunja, tutaombea uani, na wengine tutaombewa."

"Basi apunguzwe kitambi," akasema Winchi.

Ikawa kelele. "Kapunguze chako!" "Kitambi cha mungu hicho, si cha mjomba wako!" Shangazi alivua kandambili akaishika mkononi, na wanaomjua wakarudi nyuma.

"Jamani, mimi nabeba tu!" Winchi akainua mikono. "Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, lakini huu nimeubeba mimi, naujua. Haya, na mgongo je? Si utaegemea ukuta? Nani atauona?"

Akazunguka nyuma, akalivuta gunia lililofunika mgongo.

"Acha!" Fundi akapiga ukelele, lakini gunia lilishaanguka.

Mgongo mzima ulikuwa majina. Mistari kwa mistari, herufi ndogo kama punje za mtama, tangu mabegani hadi kiunoni. Majina yote mia na nane ya Ganesha. Hakuna aliyemwagiza. Aliyachonga kuanzia siku ukungu ulipoingia jicho la kushoto, akijua kabisa kwamba sanamu ikishaegemezwa, ukuta peke yake ndio utakaoyasoma.

"Uliyafanya lini haya?" Shangazi akauliza kwa sauti ndogo.

"Ulipokuwa unakwenda sokoni."

"Kumbe! Na mimi nalalamika nina kaka mvivu."

Kuhani akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. "Fundi," akasema, "ni tumbo au mgongo. Na jua halingoji."

Fundi akaweka kiganja juu ya herufi. Kulikata tumbo ni kumnyima mungu jina moja mbele ya watu wote. Kuukata mgongo ni kuyafuta yote, na macho ya kuyachonga tena hana.

"Kaka," akasema Shangazi, "majina haya ulifundishwa na nani?"

"Si mama."

"Mama alijua kusoma?"

"La, hata jina lake."

"Sasa yeye aliyaweka wapi?"

Fundi alimtazama dada yake, akatazama umati: muuza matairi, mwenye saluni na kitana kichwani, wapagazi wenye vumbi hadi kwenye kope. Ghafla moyo ukaanza kumdunda kama wa kijana anayekwenda kuposa.

"Nipeni nyundo!" akasema. "Lakini sikilizeni. Hakuna jina litakalofutika kimyakimya. Nikilipiga mimi, nyinyi litajeni. Dada, anza!"

Shangazi akavaa kandambili yake, akajaza kifua pumzi.

"Gajanana! Mwenye Uso wa Tembo!"

"Gajanana!" umati ukaitikia. Paa! Kipande cha jiwe kikaruka.

"Ekadanta! Mwenye Jino Moja!"

"Ekadanta!" Paa!

"Vakratunda! Mwenye Mkonga Uliopinda!"

Hilo liliwashinda baadhi yao, wakalitafuna wanavyoweza, lakini walilitaja. Fundi alipita mbele akivunja mstari kwa mstari. Winchi alimfuata na nyundo kubwa, akichimba hadi kina cha vidole viwili. Vumbi likawafanya wote weupe. Walipofika Shurpakarna, Mwenye Masikio kama Ungo, mpagazi mmoja akasema basi huyo ni ndugu wa nyapara wetu, na Winchi akacheka mpaka akakosea pigo. Kulikuwa na jina la yeye ampandaye panya kama farasi, jina la rangi ya moshi, jina la kuwatetea wanyonge. Mwenye saluni alikuwa anapiga makofi. Kila jina lililotoka kwenye jiwe liliingia katika vinywa hamsini, na Fundi akaona ajabu: mkono wake haukuwa mzito tena. Ulikuwa unakimbilia jina linalofuata.

Alipovunja la mwisho, Winchi akapima kwa kamba. "Anapita! Wanangu, shikeni!"

Wakashika. Hawakusema moja, mbili, tatu.

"Vinayaka!" "Heeeh!"

"Vighneshwara!" "Heeeh!"

Tumbo likasugua fremu, likalia kama mlango wenye kutu, likapita bila mchubuko. Kelele zilizopigwa hapo! Njiwa wote walihama paa. Ganesha akaviringishwa hadi kwenye jukwaa, akainuliwa kwa nyenzo, akaegemezwa ukutani, na wapagazi wakatoka uani bado wanapokezana majina, sasa bila mpangilio wowote, kila mmoja na alilolipenda.

"Saa?" Fundi akauliza.

"Ipo," akasema kuhani. "Haba, lakini ipo."

Mchongaji hakutani uso kwa uso na mtazamo wa kwanza wa mungu. Hufanya kazi kwa kutazama kioo. Shangazi akashika kioo juu ya bega la kaka yake. Humo Fundi aliona ukungu, na ndani ya ukungu doa jeusi la jiwe. Akatafuta kope kwa kidole gumba, akaweka ncha ya patasi, akagonga kidogo kama anayebisha hodi. Jicho la kulia. Akavuta pumzi. Shangazi akainama kuchungulia, kioo kikayumba.

"Tulia, dada."

"Nimetulia! Wewe piga!"

Jicho la kushoto. Pigo moja, jingine, la mwisho jepesi. Fundi akapuliza vumbi, akainua uso kwenye kioo. Katikati ya ukungu palikuwa na mtu anayemtazama.

"Dada!" akapiga kelele, akisahau kuhani, akisahau hekalu. "Dada, ananiona!"