Gari la Mama Halijafika Tanga

Usiku wa kuamkia leo niliota kwamba njia ya mkato imekuja kunigongea mlango. Alikuwa mwanamume mwembamba mwenye kibao shingoni, na kwenye kibao kulikuwa na picha ya basi jekundu, ileile niliyokuwa nikiibofya usoni mwa kompyuta yangu kufungua gemu. Hakusalimia. Alikaa kwenye kochi bila kukaribishwa, akakiweka kibao magotini.

"Umenibeba bure," alisema. "Mimi si gemu. Mimi naonyesha tu gemu liliko."

"Lakini nimekuhamishia kwenye flashi. Nimekuona kwa macho yangu ukiingia."

"Niliingia, sikatai. Sasa wewe ukienda barabarani ukang'oa kibao kilichoandikwa Tanga, ukakipeleka nyumbani, utakuwa umeipeleka Tanga nyumbani?"

Hata ndotoni mtu anaweza kujiona zuzu, na mimi nilijiona. Jana mchana nilimpelekea fundi Sekuba kompyuta yangu, maana ilikuwa inazimika hovyo, nikamwambia aifute yote aanze upya. Aliniuliza kwa upole kama kuna kitu cha kuokoa. Nikamjibu kwa kifua mbele: nimeshahamisha, wewe futa. Kumbe nilichohamisha ni picha ya basi.

Na ndani ya gemu lile la basi alikuwamo mama.

Mama yetu alikuwa mtangazaji wa magari stendi ya Same, kwa kipaza sauti, tangu mimi na dada yangu Nakijwa tukiwa watoto. Nakijwa ana mikono ya kuchokonoa magemu. Alimrekodi mama nyumbani, akatengeneza basi na barabara ya kutoka Same mpaka Tanga, na kila kituo mama anatangaza. Nyongeza za namna hiyo wachezaji huziita modi. Mama alifariki mvua za vuli, na simu ya Nakijwa yenye rekodi ikaibiwa palepale msibani. Sauti ya mama ikabaki sehemu moja tu duniani, kwenye kompyuta yangu. Nakijwa aliniambia, "Kaka, nimekuachia wewe." Nami ndiye niliyesema futa.

"Nipeleke aliko," nikamwambia Njia ya Mkato.

"Nakufikisha mlangoni. Ndani sijawahi kuingia."

Tunatoka nje na mtaa wangu haupo. Kuna mtaa mwingine mrefu, kimya, kibao chake kimeandikwa C, kama diski ya kompyuta. Namuuliza A na B ziko wapi. Anasema zilikufa zamani, na wenyewe hawapendi zizungumzwe.

Mwisho wa mtaa fundi Sekuba anafagia kwa fagio la chelewa. Anafagia taratibu huku akipiga mluzi, na kila anapopitisha fagio nyumba moja inaondoka pamoja na vumbi. Anapunga mkono.

"Kaka Mbonea! Habari za kwako?"

"Nzuri. Fundi, simama kidogo."

"Siwezi kaka. Uliniambia futa." Akaendelea kufagia. Hakuwa na ubaya wowote usoni, na hilo ndilo lililoniumiza.

Nikakimbilia nyumba yenye jina langu. Ilikuwa tupu. Kulikuwa na kiti kimoja, bado kimevishwa nailoni ya dukani.

"Humu hujawahi kuishi," akasema Njia ya Mkato akiwa mlangoni. "Wewe unakaa kwa Gerda."

Ni kweli tupu. Kompyuta yangu niliinunua mtumba, ikaja na jina la mwenyewe wa kwanza, wa Ulaya. Kila asubuhi iliandika "Karibu Gerda", nami kila asubuhi nikajipitia. Sikulibadilisha kwa uvivu. Kwa hiyo vyote nilivyokuwa navyo vilikuwa vinalala nyumba ya mtu mwingine.

Gerda alikuwa bibi wa Kizungu aliyevaa sweta zito, amekaa barazani akichambua maharage.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Miaka yote unaingia na kutoka kwangu, leo ndiyo umekumbuka kusalimia."

"Nisamehe. Nimemfuata mama."

"Umechelewa, ila ingia." Hakuinua macho kwenye ungo. "Safari zako, zile mnazoziita sevu, ziko chumba cha Nyaraka. Modi hazikai huko. Watu wengi hufuata kimoja, wakasahau cha pili, halafu wanalia na Mungu."

Mlango wa Nyaraka ulikuwa wazi. Ndani niko mimi. Tuko wengi, tumekaa kwenye mikeka, kila mmoja ameshika usukani usio na basi. Kila safari niliyowahi kuihifadhi, yule niliyekuwa siku ile amebaki humu amekaa. Wengine wana ndevu, mmoja ana bandeji kidoleni. Wa karibu na ukuta wamevaa nguo za msiba, sikutaka kuwatazama.

Aliyekuwa jirani na mlango alinuka moshi wa kuni. Aliniangalia akacheka.

"Umekonda wewe," akasema. "Umekuwaje?"

"Mambo tu. Mama hajambo?"

"Hajambo, yuko jikoni. Ameshaita mara ya pili nikale, nikamwambia nafika Mkomazi kwanza, nihifadhi, ndiyo nije."

Nilishika kizingiti cha mlango. Nikataka kumwambia: achana na Mkomazi, inuka sasa hivi, nenda jikoni. Nikamshika mkono tu. "Twende," nikasema, naye akainuka na usukani wake bila kuuliza, maana mimi ni mtu wa kuburuzika, tangu zamani.

Nje mluzi wa Sekuba ulikuwa umefika nyumba ya pili.

"Na modi, bibi?"

"Ukumbi ule."

Hapakuwa na ukumbi. Palikuwa na ukuta mweupe, na kisanduku kidogo kimechorwa juu yake.

"Vilivyofichwa havionekani mpaka ukubali kuviona," akasema Gerda. "Weka alama. Ila nakuonya, ukishakubali huchagui. Vinatoka vyote."

Nikachukua kaa la jikoni kwake nikaweka alama.

Ukumbi ukatokea, na vitu vikatokea pamoja nao. Ilitokea kadi ya hospitali ya mama, ile tuliyoikuta ndani ya kopo la majani ya chai baada ya mazishi. Vilitokea vidonge alivyokuwa akivitema kwenye kona ya kanga. Akatokea mama mdogo, amesimama nyuma ya pazia, anasema, "Alinikataza nisiwaambie, wanangu, alisema mna kazi." Yule mimi wa zamani akaniuliza hivi ni vitu vya nani. Nikamwambia ni vya wapangaji. Nilitembea ukumbi wote nikitazama miguu yangu, na machozi yalikuwa yananitoka kama mtu aliyekata vitunguu.

Ukumbi ukaanza kunguruma. Sakafu ikawa ya basi, kuta zikawa na madirisha, na nje ya madirisha mikonge inapita. Mimi ndiye niko kwenye usukani. Modi zote nilizowahi kupakua zimekaa vitini: honi kubwa kuliko mtu, mvua moja imekunjwa mapajani mwa mvua nyingine, barabara ya Brazili iliyokosa pa kuweka miguu. Malori mawili yaliyokuwa hayapatani yamepewa kiti kimoja, kila moja linadai lilitangulia.

Na mlangoni, na kipaza sauti chake, amesimama mama. Amevaa ile kanga ya kijani.

"Shikamoo mama!"

"Hedaru," akasema mama. "Wa Hedaru washuke, msisahau mizigo."

"Mama, ni mimi, Mbonea."

"Wa kupanda asubiri wa kushuka."

Ndiyo maneno aliyorekodiwa. Hakuwa na mengine. Nikaachia usukani, nikamkamata mkono nimvute, mkono haukutoka. Hakuwa mzito. Alikuwa tu hahamishiki, tumehangaika bure mpaka honi ikatoa machozi.

Gerda alikuwa kiti cha nyuma na ungo wake. "Yuko kazini," akasema. "Kinachotumika hakihamishwi. Wala hakifutwi."

Hapo ndipo nilipotazama kioo cha pembeni. Sekuba alikuwa nyuma ya basi, anakimbia na fagio lake. Kila akigusa bampa fagio linadunda. "Kaka, inakataa!" alipiga kelele. "Kuna kitu kinatumika!"

Nikaelewa, na moyo ukawa mwepesi kidogo. Gari likitembea, mama yupo. Basi nitatembea. Kwenye gemu nilikuwa nikifanya hivyohivyo tangu alipofariki: Mkomazi, Mombo, Korogwe, Muheza, nikifika Muheza nageuza. Tanga sikuwahi kufika. Sikutaka kusikia mama akisema mwisho wa safari, niliona heri isiwepo safari yenye mwisho. Sauti yake ya Tanga sikuijua mpaka leo.

"Mombo," akasema mama. "Korogwe. Muheza." Nikageuza. "Muheza. Korogwe. Mombo." Nikageuza tena. Sijui tulikwenda mara ngapi. Mikonge ikaota, ikakatwa, ikaota. Nakijwa akapiga simu nami sikuweza kupokea, kwa kuwa mikono ilikuwa kwenye usukani. Nilisikia tu ikiita, ikaita mpaka ikachoka.

"Unaweza kukaa humu," akasema Gerda. "Wengi wanakaa. Mimi mwenyewe watoto wangu walifunga kompyuta wakaiuza, wakaniacha ndani."

"Nikitaka kumtoa nafanyaje?"

"Fika mwisho. Gari likizimwa, yuko huru. Mchukue haraka, maana na huyo mwenye fagio atakuwa huru."

Nilimtazama mama. Kanga ilikuwa imelowa jasho mgongoni. Amesimama mlangoni tangu lini? Hakuna aliyewahi kumpa kiti. Tulikuwa tunamrudisha kazini kila tukimkumbuka, mimi nikiita huko kumpenda.

Muheza sikugeuza.

Tanga ikaja bila bahari, uwanja tu na taa moja. Nikazima gari. Katikati ya uwanja kulikuwa na flashi yangu, imekuwa kibanda cha bati, na Njia ya Mkato amekaa ndani na kibao chake, karibu nafasi yote ni yeye. Nikamtoa nje. Hakukasirika, alisema kibao kimezoea.

"Nafasi ya mmoja," akasema Gerda.

Nyuma yangu Sekuba ameanza na viti. Mvua zimekwenda, honi imekwenda. Nimesimama baina ya wawili. Mkono huu ni mama, mkono huu ni yule mimi anayenuka moshi, ambaye kwake mama yuko jikoni na ameshaita mara ya pili. Nikimchukua huyu, kila nikimfungua nitakuta jioni ileile.

Aliona ninavyomtazama. "Mbona unalia?" akauliza.

"Vumbi la fagio."

"Basi nenda wewe. Mimi nabaki, mama akinikosa mezani atagomba." Akarudi akakaa kiti cha dereva, akauweka usukani wake juu ya ule wa gari. Fagio lilipomfikia alikuwa anachungulia dirishani kama mtu anayesikia harufu ya chakula.

Nilimwingiza mama kibandani. Aliinama, mlango ulikuwa mfupi. Kisha akageuka, akainua kipaza sauti, akafungua mdomo kutangaza Tanga.

Simu ikaita nikaamka.

Alikuwa fundi Sekuba. "Kaka Mbonea, samahani kwa kukuamsha. Hii mashine yako imenitesa. Tangu jana jioni kila nikifuta inagoma, inaniambia kuna kitu kinatumika, na mimi sijafungua kitu chochote. Sasa hivi tu ndiyo imeachia. Nimeshafuta, uje uichukue."

"Hakuna kilichobaki?"

"Nyeupe kabisa, kaka."

Nilimshukuru. Nilikaa kitandani muda mrefu, nikitafuta namna ya kumwambia Nakijwa, na sikuipata. Nilimkosea yeye, nikamkosea na mama, na sikuwa na wa kumsingizia.

Flashi ilikuwa inaning'inia kwenye msumari nilipoiacha. Nilijua kilichomo: picha ya basi, kibao kisichokwenda popote. Niliichomeka kwenye sabufa, spika yangu ya muziki, kwa sababu tu mikono ilitaka kazi. Sabufa haisomi picha, husoma sauti peke yake, na kama hakuna sauti hunyamaza.

Kioo chake kidogo kikaonyesha namba moja: kuna sauti moja.

"Tanga," akasema mama. "Mwisho wa gari. Wote mshuke, msisahau mizigo." Kisha kwa mbali Nakijwa anacheka, anamwambia mama imetosha. Mama hakuacha. "Na dereva naye ashuke," akasema, "akale. Makande yanapoa."