Jina Lake Katika Daftari la Kapteni

"Shoga, karatasi hiyo huichani tena!" Juher alimdaka Fetta mkono pale mlangoni pa Fetta mwenyewe, nasi tuliokuwa tukirudi kisimani tukatua mitungi. Ugomvi wa majirani haupitwi hivi hivi.

"Yako?" Fetta akang'aka. "Mume wangu kaliokota daftari ofisi ya wanajeshi wa Kifaransa ilipovunjwa. Nafungia tini zangu. Au umeanza kusoma Kifaransa?"

"Sisomi. Lakini Kapteni wao alituandika sote humo. Na yeye yumo."

Yeye. Hakuna asiyejua ni nani. Miaka kumi na minane tangu meli iwachukue waasi kwenda kisiwa cha mbali, hatukuthubutu kumtaja mume wa Juher mbele yake. Naye mwenyewe asingeweza: kwetu mke hatamki jina la mumewe, hata umpige fimbo.

Tukamwona mzee Arezki, aliyekuwa mkalimani kambini, akipita na punda wake. Tukamkalisha kizingitini kwa nguvu. Akafunua daftari, akasoma: barabara ipite wapi, makaburi yapi yahamishwe, kila nyumba itoe mtu wa kuvunja mawe. "'Wakipata barabara na mashine ya kukamulia zeituni,'" anasema Kapteni, "'watasahau.'"

"Asahau yeye!" mmoja wetu akadakia, tukaangua kicheko. Juher hakucheka.

"Hapa pana orodha ya waliopelekwa," akasema Arezki. "Haya mwanangu, nitafute jina gani?"

Juher akafumbua mdomo, akaufumba. Akatutazama mmoja mmoja, nasi wambea wa kijiji kizima tukainamisha macho.

"Meziane," Fetta akasema kwa sauti ndogo. "Meziane wa Amar. Mtafute."

Kidole cha mzee kikashuka ukurasani, kikasimama. "'Meziane wa Amar. Fundi wa kuta za mawe, hodari kuliko wote. Barabara yetu itapata hasara akienda, lakini kijiji lazima kione mfano.'"

"Rudia, baba," akasema Juher.

Akarudia.

"Si hayo mengine. Jina tu."

"Meziane. Meziane wa Amar."

Juher alipolisikia mara ya nne kinywani mwa mzee ndipo akaketi chini, ushungi usoni, akilia.

Fetta akazimwaga tini zote kwenye sinia, akainyoosha kila karatasi kwa kiganja, akairudisha ndani ya jalada. Akamwekea Juher mapajani.

"Chukua lako. Na usinikalie hapo kwenye baridi, bibi wee. Kuskusi imeiva, nimetia na boga. Ingia tule."