Dirisha la Jikoni kwa Mama

Mwenye ule ulimwengu wa gemu alikuwa Fundi Miwani. Kompyuta iliyoubeba ilikaa kwenye chumba cha nyuma cha duka lake, chini ya rafu ya fremu zilizokosa wateja, pembeni ya mashine ya kusagia lenzi. Mtu yeyote aliyetaka kuingia, awe wapi duniani, ilibidi kwanza jina lake liandikwe na yeye, na hali yake ichaguliwe na yeye. Walioandikwa walikuwa wawili tu: yeye mwenyewe na mdogo wake wa kiume, fundi umeme wa kiwanda kimoja katika mji wa mbali. Huyo tangu utotoni nyumbani walimwita Maswali, maana hakuna jambo alilolikubali bila kulihoji.

Walianza baada ya mama yao kufariki na nyumba yake kubomolewa ili barabara ipanuliwe. Wazo lilikuwa la Maswali. Alikuwa akicheza gemu hilo la kujenga kwa matofali ya mraba na wenzake wa kiwandani, akamwambia dada yake wachukue ulimwengu mtupu na kuijenga upya nyumba ya mama, vilevile ilivyokuwa. Dada aliona ni mambo ya kitoto. Lakini siku alipoweka kizingiti cha mlango wa mbele, akarudi nyuma kukitazama, ndiyo siku aliyoacha kubisha.

Ikawa ndiyo desturi yao. Jioni akishafunga duka, Fundi Miwani alivaa spika za masikioni, akaingia, akamkuta mdogo wake anamsubiri barazani. Walijenga huku wakibishana. Mlango wa stoo ulifunguka ndani au nje? Ukuta wa sebule ulikuwa wa kijani au tulizoea tu kuuita wa kijani? Hakuwa ameolewa na hakuwa akilalamikia hilo. Mchana alikuwa na wateja, na jioni alikuwa na Maswali. Siku ilimtosha.

Katika gemu lile kila mchezaji ana hali yake. Mjenzi ana matofali yasiyokwisha, anaruka kama ndege na hadhuriki. Mtafutaji anaanza mikono mitupu: akate miti mwenyewe, achimbe, aone njaa, na akizembea anakufa na kuanza upya. Mgeni anatembea na kutazama tu, mikono yake haifanyi kazi. Hali ya mwisho wao waliiita mzuka, kwa sababu aliye nayo hupenya kuta, haonwi na mtu, na hawezi kugusa chochote. Dada na mdogo wake walikuwa wajenzi. Nyumba yenyewe ilizungushiwa mpaka usioonekana, ndani yake hakuna aliyeweza kuondoa hata tofali moja ila wao wawili. Maswali alikuwa na ruhusa ya kuongeza jina la mtu mwingine wa kujenga ndani ya mpaka huo. Kubadilisha hali ya mtu ilikuwa kazi ya dada peke yake.

Kisha Maswali akaoa. Alimwoa mwoka mikate, mwanamke mcheshi mwenye sauti ya kujaa, ambaye hata akisalimia ni kama anahutubia. Fundi Miwani alimpokea wifi yake kwa moyo mkunjufu na siku ya harusi akacheza mpaka visigino vikavimba. Wivu haukuja siku ile. Ulikuja baadaye, jioni moja ya kawaida, Maswali aliposema kwamba mke wake naye angependa kuingia, na kwamba tayari ameshamfungulia akaunti ya gemu.

Dada akasema vizuri, karibu sana. Akamwandika, akamweka hali ya mgeni.

Kwa siku kadhaa wifi alizunguka kwenye vyumba akiuliza hiki nini na kile nini. Maswali akamjibu kila swali kwa upole ambao dada yake hakuwahi kuusikia. Halafu akaomba mke wake aongezewe ruhusa, kwa kuwa kutazama tu kunachosha. Fundi Miwani angeweza kumfanya mjenzi kwa kuandika neno moja. Alimfanya mtafutaji. Akaeleza kwamba ni vizuri mtu ajifunze kuanzia chini, na maelezo hayo yalisikika kuwa ya busara hata masikioni mwake mwenyewe. Moyoni alikuwa akisema: ataona njaa, atakufa mara mbili tatu, atachoka, atatuachia nafasi yetu.

Wifi alikufa kweli. Alitumbukia shimoni, akazama mtoni, akaliwa na madude ya porini, na kila akifa alicheka kicheko kile cha kujaza chumba. Hakuchoka. Aliyeiacha nyumba ni Maswali. Alikuwa kwenye paa na dada yake wakipanga vigae, mara anasikia mke wake anaita, anaruka kwenda kumwokoa, na harudi. Huko bondeni wakalima shamba la ngano. Wakajenga kibanda cha ajabu kilichopinda upande kama kofia ya mlevi. Fundi Miwani alibaki juu ya paa na vigae vyake, akisikia masikioni mwake watu wawili wanachekeana juu ya jambo ambalo hakulijua mwanzo wake. Alipouliza wanacheka nini, Maswali alisema, "Hapana, dada, ni habari ndefu." Kijicho kilimkaa kooni kama mwiba wa samaki. Akimeza kinachoma, akikohoa hakitoki.

Akaanza kumhesabia wifi makosa. Anaongea sana. Anapita barazani na viatu vya matope, kana kwamba matope ya kwenye gemu yanachafua. Akajiona anavyochekesha, lakini kujiona hakukumponya.

Jioni moja alichelewa kuingia kwa sababu ya mteja aliyebishania fremu. Alipofika, wale wawili walikuwa wameshaondoka. Alipita sebuleni, akaingia jikoni, akasimama. Ukuta wa upande wa mbele ulikuwa umetobolewa. Pale mama yao alipokuwa akining'iniza masufuria palikuwa na dirisha pana la kioo, na nje yake lilionekana geti.

Gemu huweka kumbukumbu ya nani kagusa nini. Aliiangalia. Jina lilikuwa la wifi.

Hakumpigia mtu simu. Aliliziba dirisha tofali kwa tofali, akayarudisha masufuria, kisha akafungua ukurasa wa wachezaji na kumgeuza wifi yake kuwa mzuka. Raha aliyoisikia ilimtisha kidogo, ila haikumtisha vya kutosha.

Kesho yake sauti ya wifi ilisikika masikioni mwake, mwili wake haupo popote. "Wifi, samahani, naona mikono yangu imekataa leo. Nimebonyeza vibaya?"

"Labda ni mtandao," Fundi Miwani alimjibu.

"Na mume wangu anasema hanioni kabisa."

"Ni mtandao tu. Utakaa sawa."

Wifi akashukuru. Aliendelea kuja siku zilizofuata, akipenya kuta bila kukusudia, akiomba radhi kila mara kwa ushamba wake, akidhani ni yeye asiyejua. Mume wake alimfundisha upya vitufe ambavyo alishavijua. Fundi Miwani aliwasikiliza wakihangaika, akaendelea na kazi yake.

Lakini Maswali hakuitwa Maswali bure. Aliwauliza wenzake wa kiwandani, wakamwambia hakuna mtandao unaomfanya mtu apenye ukuta. Alimpigia dada yake simu mchana, wakati dada ameketi mbele ya mteja mzee, akimpimia lenzi. Sauti ya Maswali ilikuwa tulivu mno, na dada akamwomba mteja amsubiri, akaenda chumba cha nyuma.

"Mke wangu umemfanya mzuka," Maswali alisema.

"Ametoboa ukuta wa mama."

"Nilimwambia mimi atoboe. Nililiongeza jina lake, nikamwonyesha pa kuanzia. Mimi ndiye niliyelitaka lile dirisha."

"Jikoni kwa mama hakukuwa na dirisha. Nimekulia mle."

"Ulikulia, halafu ukaondoka. Mimi ndiye niliyebaki naye. Miaka yake ya mwisho alilia dirisha kila siku. Alisema akiwa jikoni hamwoni anayeingia getini. Gari likisimama nje, anaacha mwiko, anakwenda kuchungulia. Nilimwahidi nitamtobolea, sikuwahi."

Dada hakuuliza mama alikuwa akimtazamia nani, maana katika nyumba ile aliyekuwa akisubiriwa ni mmoja tu. Kilichomchoma zaidi, na kilimtia hata yeye aibu, hakikuwa majuto. Kilikuwa ni kwamba mama alimwambia Maswali na hakumwambia yeye. Wivu aliokuwa akimwonea wifi ulikuwa umepiga hodi mlango mwingine kabisa.

"Mfanye kama alivyokuwa," alisema Maswali. "Kama huwezi, niweke na mimi alipo yeye. Siwezi kukaa mjenzi wakati mke wangu ni mzuka."

Hasira ikajibu kabla ya akili. Simu ikiwa bado sikioni, alifungua ukurasa na kuligeuza jina la mdogo wake. Maswali akasema ahsante, akakata.

Jioni ile Fundi Miwani aliingia kwenye ulimwengu wake, na ruhusa zote mkononi, asiwe na wa kumruhusu wala wa kumkataza. Baraza lilikuwa tupu. Pengine walikuwapo, wamesimama mbele yake wawili, wanamtazama. Pengine walikuwa kwao sebuleni wanakula. Aliita jina la mdogo wake, akaona haya kwa sauti yake. Akashuka bondeni. Kile kibanda kilichopinda kilikuwa bado kimesimama. Aliingia ndani kwa mara ya kwanza, akakuta vitu vimepangwa: meza, tanuri la mikate, viti. Viti vilikuwa vitatu.

Siku ya mapumziko alipanda basi la asubuhi. Hakumwarifu mtu. Alimkuta wifi yake peke yake mahali pake pa kuokea mikate, chumba kirefu chenye joto, mikono imejaa unga hadi kwenye viwiko. Wifi alimkaribisha, akampa kigoda, akaendelea kukanda. Heshima ilikuwepo, lakini kile kicheko hakikuwepo.

Fundi Miwani alikuwa amejipangia maneno njiani. Yalipotea yote. Akasema tu kwamba haukuwa mtandao, ni yeye, na kwamba amekuja kuomba msamaha.

"Najua," alisema wifi. "Aliniambia." Akageuza donge la unga, akalipiga mezani. "Ulinisikia naomba radhi kila siku, wifi. Ulikuwa unanisikia."

"Nilikuwa nakusikia."

"Hilo ndilo limeniuma. Mambo ya kugusa na kutogusa hayakuniuma."

Wifi akakata donge, akapanga mikate kwenye trei, akazipeleka tanurini, akarudi akijifuta mikono.

"Na mimi nikuambie langu," akasema. "Mimi gemu silipendi. Kichwa kinaniuma. Lakini tangu tuoane, jioni mume wangu anakwenda kwa dada yake. Mwili upo kwenye kochi, mwenyewe hayupo. Namwona anacheka peke yake, nikimuuliza unacheka nini, ananiambia ni habari ndefu. Nilikuonea wivu mpaka nikawa sili. Nikasema, basi na mimi nitaingia humo humo."

Fundi Miwani alimtazama kana kwamba ndiyo kwanza anatambulishwa kwake. Kisha akacheka, bila kutaka, na wifi naye, baada ya kujizuia kidogo, akacheka. Hawakukumbatiana. Wifi alimpa aproni, akamwambia kama amekuja mpaka hapa basi asikae bure, na wakafanya kazi mpaka trei zikaisha.

Aliporudi kwake aliwafanya wote wawili wajenzi, kisha akampa Maswali ruhusa zote alizokuwa nazo yeye. Haikuwa rahisi. Kidole chake kilikaa juu ya kitufe muda mrefu kuliko alivyopenda. Na siku zilizofuata, kila wale wawili walipoanza kucheka upande wa pili, bado wivu ulimfinya. Tofauti ni kwamba sasa alishuka kutoka juu ya paa na kuwafuata.

Ukuta wa jikoni waliutoboa upya wakiwa pamoja. Walipomaliza, wifi aliuliza chumba cha mama kilikuwaje, maana mume wake humo hakumbuki mengi. Fundi Miwani akawaongoza. Akawaonyesha kitanda kilikaa wapi, akaeleza kwamba kilisogezwa mbali na ukuta wa nje kwa sababu mama alikuwa anaogopa radi. Mvua kubwa ikianza, mama alichukua mto wake na kwenda kulala na binti yake, akisema ni mtoto ndiye anayeogopa.

"Mama?" Maswali aliuliza. "Mama aogope radi?"

"Sana."

"Mbona mimi hakuwahi kuniambia?"

Dada alikitambua kilichokuwa kwenye ile sauti. Alikijua vizuri, mpaka ladha yake. Kwa kitambo kidogo akausikia utamu wa kuwa na kitu ambacho mwenzake hana. Kisha Fundi Miwani akamwambia mdogo wake aketi, akaanza kumsimulia tangu mwanzo.