Saa Chini ya Mto wa Arafa

Goodness aliziweka saa mbili za kuamshia juu ya kioo cha kaunta, akaziwasha kwa pamoja. Moja ilikuwa ya kuvaa mkononi kama bangili ya mpira. Ilinguruma kidogo ikasogea upande kama kaa. Nyingine ilikuwa ya mezani, na waya wake uliishia kwenye kidude cha mviringo chenye upana wa kisosi. Kidude hicho kilipoanza kutetemeka, chaja za simu zilizotundikwa ukutani zilitikisika zote, na mtu aliyekuwa akipita nje na baiskeli aligeuza shingo.

"Hii ya mkononi inamfaa mtu wa kawaida," alisema Goodness, mwenyeji wa Moshi aliyekuja Kilindoni kuuza vifaa vya simu na hakurudi tena kwao. "Wewe dada unalala vipi?"

"Nalala kama nimezikwa," alisema Arafa.

"Basi ya mkononi utaivua hukohuko usingizini. Chukua hii ya waya. Godoro lako la sponji au la sufi?"

"La sufi."

"Sufi inameza mtetemo. Usikiweke chini ya godoro. Kitie ndani ya foronya, kibane na pini, kisha ukilalie."

Arafa alikigusa kile kidude. Aliuliza kama umeme wake unaweza kuingia kichwani. Aliuliza kama kuna mtu aliyewahi kukinunua akakirudisha. Goodness alisema hapana, na Arafa hakumwamini, lakini alikinunua, akapanda bodaboda kurudi kwao Kiegeani huku boksi amelikumbatia.

Siku hizo hakuwa akiamini mambo mengi. Alipokuwa msichana, nyumbani kwa mama yake Bweni, karibu na mnara wa taa wa Ras Mkumbi, yeye ndiye aliyekuwa akiwaamsha wenzake. Usingizi ulimwanza baada ya kuolewa na Luqmani. Alikuwa akilala Isha na kuamka jua likiwa utosini, mwili umemlegea kama aliyetwanga usiku kucha. Alikuwa na kamba zake za mwani pwani. Bamvua likija, maji yalikupwa mbali asubuhi, wanawake wenzake wakashuka, wakafunga vipande vya mbegu kambani, wakavuna, maji yakajaa, naye bado amelala. Mwani wake ulikatika ukachukuliwa na mkondo.

Walimmwagia maji. Walimgongea sufuria sikioni. Bi Safia, mama yake Luqmani, alisema ule ni uvivu tu. Muuguzi wa zahanati alimpima damu na kusema damu ni nzuri. Arafa alimshuku Bi Safia kwamba anamtilia kitu kwenye uji, akawa anajipikia mwenyewe na kula peke yake, sufuria ameifunika kwa mkono. Aliendelea kulala vilevile. Aliushuku mto, akashona mwingine. Aliyashuku maji ya kisima.

Hakumshuku Luqmani, kwa kuwa Luqmani peke yake ndiye aliyemhurumia. Kila siku baada ya swala ya Isha alikuwa akiingia chumbani, anamwekea kiganja kwenye paji la uso, na kusema taratibu, "Lala, mke wangu." Jirani yao Umi aliwahi kuliona hilo mlangoni, akawasimulia wanawake wengine, na wanawake hao walikwenda kuwasema waume zao.

Luqmani alikuwa akisifiwa Kiegeani nzima. Alinunua pweza kwa wavuvi, alifuata barafu Kilindoni kwa pikipiki, alitengeneza mashine za boti za watu, na alfajiri ni yeye aliyeadhini. Hakuna aliyewahi kumwona akipiga miayo.

Kilichompeleka Arafa dukani kwa Goodness ni kifo cha mama yake. Simu kutoka Bweni iliingia asubuhi. Walimtikisa, walimwita, walimsimamisha akiwa amelala, wakamlaza tena. Mwishowe Luqmani aliwasha pikipiki akaenda kuzika kwa niaba yake. Arafa alipofumbua macho, jua lilikuwa limeshapinda na mama yake yuko chini ya udongo. Alikwenda kuliona kaburi kesho yake. Alirudi bila kulia, na tangu siku hiyo alikuwa akitafuta kitu cha kumwamsha.

Asubuhi ya kwanza, kidude kilitetemeka ndani ya foronya hadi meno yake yakagongana, na kitanda kikalia kama mlango mbovu. Arafa alifumbua macho. Msikitini Luqmani alikuwa akiadhini.

Usingizi wake mwenyewe ulikuwa umeshaondoka, mwepesi, kama usingizi wa watu wote unavyoondoka. Lakini kati yake na ukuta kulikuwa na usingizi mwingine umelala. Ulikuwa mkubwa, wa kijivu, mzito kama gunia la mwani mbichi, na ulikuwa ukipumua. Arafa aliusogelea akaunusa. Ulinuka petroli, samaki wa barafu, na mafuta ya karafuu ambayo Luqmani hujipaka mabegani. Aliutambua kama mtu anavyolitambua shati la mumewe kwenye kamba ya kuanikia.

Aliutazama kwa muda. Kisha akavaa kanga zake, akashuka pwani na wenzake, akafunga mbegu kwenye kamba zote kabla maji hayajajaa.

Aliporudi, ule usingizi ulikuwa umetoka kitandani, umekaa kizingitini. Bi Safia alikuwa akifagia ua na kuuzunguka.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Usingizi wa mwanangu huu umeutolea nini nje?"

"Mama ulikuwa unajua?"

Bi Safia hakuacha kufagia. "Baba yake naye alikuwa akiniwekea wake. Harusi ya dada yangu siikumbuki, wala kuzaliwa kwa Luqmani sikukuona. Alipokufa yule mzee ndipo nilipoamka."

"Na ukanyamaza, ukaniita mvivu."

"Mimi pia niliitwa."

Kufikia adhuhuri ule usingizi uliinuka, ukashika njia ya pwani. Watu waliokuwa kwenye mnada wa samaki waliuona unakuja wakaupisha. Ulimkuta Luqmani anapima pweza, ukamwingia, naye akalala palepale juu ya sanduku la barafu, mizani mkononi. Hakuamshika. Barafu iliyeyuka, na pweza wa siku ile wa kijiji kizima wakaharibika. Wavuvi walikwenda moja kwa moja nyumbani kwa Arafa kumuuliza anataka watoto wao wale nini.

Luqmani alipoamka, wazee waliitwa. Walikutana barazani baada ya swala ya Alasiri. Ami Hemedi, ndugu wa baba yake Luqmani, ndiye aliyesema kwanza. Hakuuliza kama jambo lile lawezekana. Aliuliza lilianza lini na nani mwingine anajua.

"Ni kweli ni wangu," alisema Luqmani. Sauti yake ilikuwa ya upole, ileile ya kila siku. "Ningelala mimi, nani angefuata barafu? Nilikuwa namwekea tu. Sikumnyima kitu."

Arafa alikuwa amekaa mlangoni, mtandio umemshuka mabegani. "Na siku ya mama yangu?"

Luqmani aliinamisha kichwa. "Siku ile nilikuwa nimechoka sana, Arafa. Niliuacha kwako wote."

"Ukaenda kumzika wewe."

"Nilimzika vizuri. Nilishuka kaburini mwenyewe."

 Umi, aliyekuwa nyuma ya ukuta wa makuti, alimsikia Arafa akivuta pumzi kama mtu aliyeinua ndoo.

Ami Hemedi alifikiri. Alisema mume ana mizigo yake nje na mke ana yake ndani, na usingizi ni kitu cha ndani. Alisema kijiji kinamtegemea Luqmani. Kisha akamgeukia Arafa kwa upole. "Mwanangu, zamani ungekuwa na haki ya kulalamika, maana ulikuwa huamki. Sasa saa unayo. Utalala nao, na ukitaka kuamka utaamka. Hakuna aliyedhulumiwa." Wazee waliitikia, wakasoma Fatiha, wakanywa kahawa.

Usiku ule Luqmani aliingia chumbani kama kawaida. Arafa alilala chali, macho wazi, akaufuata mkono kwa macho mpaka ulipomgusa.

"Lala, mke wangu."

"Luqmani," alisema kabla hajazama. "Hili goti langu linaloniuma masika. Ni langu?"

"Ni lako."

"Na kuogopa maji ya kina? Nilipokuwa Bweni sikuwa naogopa."

"Woga huo nao ni wako, Arafa. Unanishuku kwa kila kitu."

Hakujua kama amwamini. Tangu hapo alikuwa akijipekua mwenyewe kama mtu anayepekua nyumba aliyoikuta mlango wazi. Akikohoa, alisikiliza kikohozi ni cha nani. Akikasirika na kuku, alisimama kwanza, akatazama hasira imetokea upande gani.

Alfajiri saa ilitetemeka. Arafa aliinuka, na kwa kuwa ule usingizi ukiachwa nyumbani ulimfuata Luqmani mnadani, aliufunga mgongoni kwa kanga na kushuka nao majini. Ulikuwa mzito kiasi kwamba alitembea ameinama, miguu ikididimia mchangani, lakini mikono ilikuwa huru kufunga mbegu. Wenzake walimsogezea nafasi. Umi alimkazia fundo.

"Shoga, hiyo saa umeinunua wapi?" aliuliza Umi. "Mume wangu naye kasikia walivyoamua wazee."

Arafa alimwelekeza kwa Goodness, na akamwambia kuhusu sufi na foronya. Muda si mrefu Umi naye alishuka pwani na mzigo mgongoni, mkubwa kuliko wa Arafa, maana mumewe alikuwa mlinzi hotelini. Kisha wengine. Goodness aliagiza saa nyingine Dar es Salaam na hakuuliza kwa nini wanunuzi ni wanawake watupu. Wanaume wa Kiegeani walizidi kuchangamka. Waliongeza safari za barafu, walianza kujenga ofisi ya ushirika, na wakamchagua Luqmani mwenyekiti.

Siku ya bamvua, Mathias, afisa wa mradi wa mwani kutoka bara, alikuja kupiga picha za wakulima. Aliingia majini na buti za mpira, akawasalimia, akawapanga mstari, kila mmoja ameshika fungu la mwani kifuani. Alitazama kwenye kamera, akaishusha.

"Akina mama, samahani. Mgongoni mmebeba nini?"

"Usingizi," alisema Umi.

"Wa kwenu?"

"Wa waume zetu."

Mathias alitikisa kichwa kuonyesha ameelewa. Alisema hata nyumbani kwao ziwani ipo hiyo. Aliwaomba tu wageuke kidogo upande wa jua, mizigo isionekane, ili mwani utoke vizuri.

Wanawake waligeuka. Arafa alikaza fundo la kanga, akainua fungu lake la mwani juu kidogo, na mgongoni kwake usingizi wa Luqmani ukajigeuza upande wa pili, ukaanza kukoroma.