Mwanamke Aliyechuma Kahawa Kanja

Mkebe ulipofunguka, harufu ya siki ilinikaba koo. Filamu inapoanza kufa hunuka hivyo. Hii ilikuwa imejikunja na kukauka kama ganda la maharagwe. Nikajua itapita kwenye mashine ya kunakili mara moja tu, na hata hiyo ni kwa bahati.

Mafundi waliupata mkebe huo darini, wakibadilisha mabati ya kiwanda cha kahawa huko Kanja. Juu yake hapakuwa na jina wala mwaka. Nilikuwa nimehifadhi filamu karibu maisha yangu yote ya utu uzima. Nyumbani Meru, mama yangu aliwaambia wenzake wa kanisa kwamba binti yake Kiende huosha picha za zamani, nami sikuwahi kupata maelezo bora.

Niliilainisha filamu kwa majuma, nikaunga palipochanika, kisha nikawasha mashine. Filamu ilikatika ikikaribia mwisho. Lakini picha zilikuwa zimeshanaswa kwenye kompyuta.

Niliamua ionwe kwanza na watu wa huko ilikotoka. Tulikutana katika ukumbi wa kanisa Runyenjes baada ya ibada, tukaziba madirisha kwa mablanketi na kutundika kitambaa cheupe mbele.

Filamu haikuwa na sauti. Ukungu ulipanda mlimani. Wanawake wakaingia shambani, vikapu viunoni. Mmoja akageuka, akatutazama, akacheka, akarudia matawi yake.

"Huyo ni mama," akasema Mzee Ndwiga. Hakupaza sauti.

Kando yake aliketi dada yake, Ciakuthii. Mama yao alifariki Ciakuthii akiwa bado ananyonya, na hakuacha picha hata moja. Sasa Ciakuthii alikuwa na wajukuu, na uso huo hakuwa ameuona kamwe.

"Una hakika?" Ciakuthii akamuuliza.

"Nilikuwa namfuata hapo shambani kila siku. Ni yeye."

Ciakuthii akainuka, akaenda polepole hadi mbele, akasimama karibu sana na kile kitambaa cheupe hata mwanga ukamgusa bega.

"Anachuma na mkono wa kushoto," akasema. Akautazama mkono wake mwenyewe. "Na mimi shuleni walikuwa wananichapa, wananiuliza hiyo tabia nimetoa wapi."

Miaka yote hiyo nilikuwa nimesimama kwenye mikutano nikieleza kwa nini filamu zitunzwe. Nilisema historia, nilisema urithi. Sikuwahi kufikiri kwamba ndani ya mkebe unaonuka siki mtu anaweza kukuta mkono wake.

Nikairudisha ile nakala mwanzo. Mwanamke alipogeuka na kucheka, niliisimamisha picha ili bintiye amtazame atosheke. Nilidhani ninamfanyia wema.

Alitazama kidogo, kisha akanigeukia.

"Kiende, usimsimamishe," akasema. "Mwache achume."

Nikabonyeza. Mama yake akamaliza kucheka, akaingiza mkono kwenye majani.