Mate kwenye Majani ya Mama

Vipele tunavyoviita lulu vilipomtoka mtoto wa dada yangu usoni na kifuani, tulifunga mwarobaini mlangoni na tukaacha kukaanga vitu. Kwetu ndui haitajwi. Tunasema Mama, mungu wetu mwenye ugonjwa huo, amekuja, na Mama akija huimbiwa wimbo wake ili apoe, aondoke bila mtoto. Wimbo huo umeandikwa kwenye majani makavu ya mvumo tuliyoachiwa na babu, na mwimbaji wake ni baba yangu, Velappan.

Lakini majani hayakuwa nyumbani. Baba alikuwa amemwazimisha Padri, Mzungu aliyekuwa akiandika kitabu cha miungu yetu yote, nani kamzaa nani, akipeleke kwao. Baba alipenda kuitwa kule. Kila mara alirudi akitembea kwa maringo.

"Kimbia ukayalete," akaniambia.

Nilisimama barazani kwa Padri, naona haya hata kukohoa. Alikuwa mezani, viatu vya ngozi ya ng'ombe miguuni, ametoka kula nyama ya ng'ombe, mwiko kwetu. Akatoa ulimi, akalamba kidole gumba, akakibandika kwenye jani, akaligeuza. Akalamba tena. Mate yakametameta juu ya jina la Mama. Kwetu mpishi haonji chakula cha Mama, hata chumvi.

"Ah, binti Velappan!" akasema. "Huyu Mama yenu nimemweka kitabuni, kwenye sura ya mashetani. Baba yako kakubali."

Nikayapokea kwa kipande cha jani la mgomba, nisiyaguse.

"Mbona umeyabeba kama panya aliyekufa?" baba akauliza uani.

"Ameyalamba, baba. Analamba kidole ndipo anageuza."

Baba akatazama mlangoni. "Pangusa kwa maji ya bizari ya manjano. Shangazi yako asijue."

"Anasema Mama ni shetani. Anasema umekubali."

"Neno tu hilo! Mtu kakukaribisha kiti, utabishana naye?"

Akayapangusa mwenyewe, akaingia ndani. Dada alikuwa amempakata mtoto. Shangazi Pechi alikuwa amekwisha weka bakuli la uji wa ulezi wa Mama. Baba akakaa karibu na kichwa cha mtoto, akafungua jani la kwanza.

"Shangazi," nikasema, "yana mate."

"Sema kwa sauti, wewe!"

"Yana mate ya Padri."

Shangazi akashika mdomo. "Velappan! Umemletea Mama makombo ya mla ng'ombe?"

"Dada Pechi, mtoto anaungua! Bila majani nakumbuka beti za mwanzo tu."

"Imba hizo. Hayo toa nje."

Baba akaimba, zikaisha. Akatazama mikono yake.

"Rudia," shangazi akasema.

Akarudia. Dada alinitazama, sikujua kama ananishukuru au ananilaani. Majani yaliyonajisiwa nilikwenda kuyatupa mtoni, na niliporudi baba alikuwa bado kwenye beti zilezile.

Mama alipoondoka alimwacha mtoto hai, jicho moja limezimika. Baba akasema, mbele ya dada, kwamba beti za kulinda macho zilikuwa kwenye yale majani niliyotupa.

Jumatatu Padri akamwita tena. Baba akaoga, akapaka majivu ya ibada kwenye paji la uso, akaenda. Jioni nilimpakulia wali, nikatazama ukutani mpaka alipomaliza kula.