Ukurasa wa Tatu Husomwa Gizani

Kila asubuhi, saa nne kasorobo, Ghanima hukata pamba vipande vya ukubwa wa biskuti na kuvipanga kwenye sinia, kando ya chupa ya spiriti na bakuli la maji ya chumvi. Kaka yake Hamoud anakuwa anafagia. Kisha wanafungua mlango, na wasomaji wanaingia.

Ni duka dogo la Rohero, Bujumbura, nyuma ya pale soko kuu lilipoungua. Vitabu vyenyewe vilitoka sokoni: makasha kumi na manne ya vitabu vya shule ambayo moto haukuyala, uliyapaka rangi tu. Kila ukurasa ulitoka mweusi tititi, pembe hadi pembe. Mtu mwenye akili angewapa wauza karanga wafungie. Hamoud, ambaye hajawahi kutuhumiwa kuwa na akili ya biashara, alivipanga rafuni, na siku umeme ulipokatika akagundua kwamba gizani vinasomeka.

Hesabu za darasa la tano hazikuwamo tena. Yaliyokuwamo ni mambo waliyotendewa watu wa mjini mahali pasipo taa, kila kitabu na mtu wake, jina lake juu ya jalada. Basi Hamoud aliziba dirisha la stoo kwa bati, akaweka kigoda, akatunga kanuni: ukurasa mmoja kwa siku, miwani, hereni na meno ya bandia yabaki nje. Maana unachosoma ndicho unachotoka nacho. Aliyesoma kofi alitoka na shavu limevimba. Mwalimu mmoja alisoma kurasa tatu kwa pumzi moja, akatolewa kwa machela. Hamoud mwenyewe ana vidole tisa, na akiulizwa husema kile cha kumi kilikuwa kivivu.

Wako pia wanaotoka wazima. Hao Ghanima hawaulizi kitu. Anawamiminia kahawa, kwa kuwa mteja ni mteja.

Caritas, mshonaji wa Nyakabiga, alikuja Jumatatu. Jioni moja ya mwaka ule wa risasi mumewe Bonfils aliitwa nje, akatoka na kandambili, hakurudi. Miaka ilikuwa imepita na Caritas hajafanya kuganduka. Msiba wa Warundi hauishi mpaka jamaa wakusanyike, wanywe pamoja, watamke kwamba umekwisha. Na wakwe zake walishikilia kwamba hakuna kuganduka bila kaburi. Kabla ya hapo binti yake Orlane asingeolewa. Harusi ilikuwa imeahirishwa mara mbili, na bwana harusi alianza kusalimia kwa kifupi.

"Mama Orlane, uko na meno yote?" Hamoud alimuuliza, daftari mkononi.

"Yote, Tonton. Unataka kununua?"

"Apana. Naandika tu, kusudi kesho usikuje kusema ni mi nilikula."

Siku ya kwanza alikaa ndani na kitabu cha Bonfils dakika ishirini, akatoka na alama za kamba mikononi, nyama imefunguka.

"Ni sauti ya Salvator ndiyo ilimwita," Caritas alisema, Ghanima akimsafisha. "Ndiyo maana alitoka na kandambili. Mutu akiitwa na mugeni, anavaa viatu."

Salvator alikuwa jirani yao wakati huo. Siku hizi ana baa kubwa Mutanga Nord, na kila mwaka mpya humpelekea Caritas kilo mbili za sukari na pole.

Siku ya pili ilikuwa nyundo. Mbavu mbili, mtulinga, na jino moja la mbele, ambalo Caritas alitoka nalo kiganjani. Hamoud alifungua daftari, akafuta "yote", akaandika "kasoro moja".

Alilala kwake wiki tatu, kisha akarudi kwa ukurasa wa tatu. Huo ulimtoa mdomo umejaa udongo hadi kooni, na Ghanima ilimbidi autoe kwa kijiko. Bonfils alikuwa bado anapumua walipomfunika. Kiwanja Caritas alikitambua kwa ukuta wake na mtaro wake: ni pale pale baa ya Salvator ilipojengwa, upande wanaochomea mishikaki, brochettes.

Alikipeleka kitabu kwenye ofisi inayohusika. Karani alikifungua chini ya taa.

"Madame, hii ni makaa."

"Zima taa, bwana."

"Saa za kazi atuzimake taa."

Alirudi dukani na kitabu chake. Habari za Bujumbura hazisubiri taksi. Ijumaa Salvator alikuja mwenyewe, akavua viatu mlangoni kwa heshima, akaomba kitabu cha Bonfils. Alisoma kurasa zote tatu bila kupumzika. Alitoka bila mkwaruzo, uso laini, kama mtu aliyepata usingizi wa mchana. Caritas alikuwa kwenye benchi, anabadilishwa bandeji.

"Kimeandikwa vizuri," Salvator alimwambia Hamoud. "Ila ile nyundo ilikuwa ya Maxime. Mi nilikuwa nimeazima tu."

Ghanima alimmiminia kahawa.

"Salvator," Caritas alisema, "nataka kufanya kuganduka."

"Ni wakati, mama Orlane. Mutoto naye anazeeka nyumbani."

"Nafanyia kwako. Pale kwa brochettes."

Salvator alikunywa kahawa mpaka kwenye machicha. Akafikiri.

"Jumamosi iko harusi. Jumapili iko libre. Ila watu wasikuje na bia ya inje."

Jumapili walikuja arobaini na kitu. Wakwe walikagua vigae, wakaridhika kwamba kaburi lipo. Jiko halikusogezwa, moshi uliwapitia machoni, jambo lililowasaidia wasiolia kwa urahisi. Salvator, kwa kuwa ni mwenye mahali, alipewa neno.

"Bonfils alikuwa jirani muzuri," alisema. "Ukimwita, anatoka."

Watu walipiga makofi. Shemeji mkubwa akamwaga bia ya kwanza chini. Vigae viliinywa, vikakauka. Kisha chini pakagongwa mara mbili, kama mtu anavyogonga meza kwa kitako cha chupa akitaka nyingine. Mhudumu, Darius, alileta nyingine. Zilikwenda nne. Mama mkwe akasema inatosha, mwanawe hakuwahi kupita nne, na msiba ukatamkwa kwamba umekwisha. Tarehe ya Orlane ilipangwa hapo hapo. Caritas alicheza kidogo, akiwa ameshika mbavu.

Jumatatu kugonga kuliendelea, na watu waliokuja kuangalia mpira wakalalamika. Salvator aliita fundi, akaongeza sentimita kumi za simenti. Ilikauka vizuri. Jumatano jioni jiko lilirudishwa juu yake.